MZIGO WA MWENZIO: SHAURI LA MATEMBEZI YA KUKUMBUKA VITA VYA TABORA

(Hotuba iliyosomwa na mwanachama mmoja mbele ya mkutano wa wanachama, Tabora. Inapigwa chapa hapa kwa ombi la mkutano.)



 Najua ya kuwa wengi wenu mmetoka kazini moja kwa moja na njaa inauma, basi sitawakalisha sana. Shauri nililo nalo ni moja tu, nami nitalitaja mapema, asiwepo atakayeuliza mwisho, "Huyu alitaka nini?" Nataka chama chetu kikate shauri ya kwamba kila mwaka, Jumamosi iliyo karibu na tarehe 19 Septemba, wanachama watembee kwa miguu kutoka Lulanguru mpaka stesheni ya Tabora, kwa kuwakumbuka watu wa vita vya mwaka 1916, na kila atembeaye achukue mzigo.

Nasikia wengine wanacheka kwa neno hilo la mzigo. Si neno. Hata mimi nilicheka kabla sijaujaribu.

Kwanza niwakumbushe habari zenyewe, maana twaishi juu yake kila siku bila kuziona. Vita Kuu ilianza mwaka 1914. Wakati huo reli ilikuwa imekwisha fika Tabora, mwaka 1912, na Kigoma mwanzoni mwa mwaka ule ule wa 1914. Wadachi walipozungukwa pande zote na kukosa mali kutoka kwao, Tabora ulikuwa tegemeo lao la bara. Hata sarafu ya dhahabu ya rupia 15, yenye sura ya tembo, ilipigwa hapa hapa mwaka 1916. Mwaka huo majeshi ya Wabelgiji kutoka Kongo, chini ya Jemadari Charles Tombeur, yalivuka mpaka. Waliingia Kigali tarehe 6 Mei, wakaingia Kigoma tarehe 28 Julai, kisha wakaja Tabora kwa njia mbili: kikosi cha Kanali Molitor kutoka kaskazini, na kikosi cha Olsen, aliyekuwa Mdenishi, kutoka magharibi kwa kuifuata reli. Jemadari wa Wadachi hapa alikuwa Kurt Wahle. Wakapigana mwezi wa Septemba huko Usoke, na Lulanguru, na Itaga, mapigano makali ya siku nyingi. Usiku wa kuamkia tarehe 19 Wahle aliuacha mji akaenda zake kusini na mashariki. Asubuhi yake Wabelgiji wakaingia. Waingereza waliokuwa wakija kutoka Mwanza walikuwa bado njiani.

Hivyo ndivyo vitabu vinavyosema, na katika maneno hayo yote mmesikia majina matatu au manne ya watu. Yote ni ya Wazungu. Lakini je, ni nani waliokuwa wakipigana? Askari wa Tombeur walikuwa watu wa Kongo. Askari wa Wahle walikuwa Wanyamwezi, Wasukuma, Wamanyema na wengineo. Mwafrika alimpiga risasi Mwafrika pale Itaga, na wote wawili hawakuulizwa wala na Berlin wala na Brussels kama wana ugomvi. Na nyuma ya askari hao, pande zote mbili, kulikuwa na watu wengine walio wengi kuliko askari mara nyingi, wasiokuwa na bunduki hata moja. Hao ndio wapagazi.

Bwana Mwenyekiti, sisi ni watu wa hesabu, basi na tufanye hesabu ndogo. Tuseme mpagazi anachukua kilo 25 za unga, naye hula kilo moja kwa siku. Akitembea siku kumi kwenda, amekula kilo kumi. Akitakiwa kurudi siku kumi, ataka kilo kumi nyingine. Zinazobaki za kumpa askari ni kilo tano tu. Kila hatua jeshi linapokwenda mbele, mzigo unaliwa na yule anayeuchukua, nao wapagazi hawana budi kuongezwa. Na walioongezwa nao hula. Reli za Wadachi zilipita mahali pachache tu, na ng'ombe na farasi walikufa kwa ndorobo. Ndiyo sababu inasemwa ya kuwa Wabelgiji peke yao walitumia wapagazi wapatao 260,000 katika vita ile, na majeshi yaliyokuwa chini ya Waingereza yalitumia watu wanaokaribia milioni moja. Waliokufa wanafikiriwa kuwa zaidi ya 100,000, wala si kwa risasi. Walikufa kwa kuhara damu, kwa baridi ya milimani, kwa homa ya mapafu, kwa kula nafaka isiyopikwa ikaiva.

Na wale waliobaki nyumbani? Chakula kilichukuliwa ghalani, vijana walichukuliwa mashambani. Wagogo, ambao nchi yao iko katika njia hii hii ya kwenda pwani, walipata njaa kubwa toka mwaka 1917 mpaka 1920, hata wakaipa jina, Mtunya. Kwa hiyo tusiseme ya kuwa vita vilipiganwa Lulanguru na Itaga tu. Vilipiganwa hata kwenye chungu cha mama wa Ugogo.

Sasa wenzangu, ni mahali gani pa kuwakumbuka watu hao kuliko hapa? Njia yetu ni njia ya miguu. Kabla ya reli, misafara ilitoka Bagamoyo ikapita Ugogo ikafika hapa Unyanyembe, kisha ikashika njia ya Ujiji. Kijana wa Kinyamwezi, wazee walisema, hakuhesabiwa mtu mzima mpaka amekwenda pwani na mzigo begani akarudi. Upagazi ule ulikuwa kazi ya taabu, walakini ulikuwa na heshima yake: palikuwa na kirangozi aliyetangulia, palikuwa na ngoma, palikuwa na mapatano ya ujira, na mtu aliweza kuweka mzigo chini akabishana. Sikatai ya kuwa njia ile ile ilipitishwa watumwa na pembe. Hilo nalo ni la kukumbukwa kwa uchungu. Nasema tu ya kwamba vita viliikuta kazi iliyokuwa fahari ya watu wa nchi hii, vikaigeuza kuwa kamba ya shingoni.

Katika njia hiyo palipita pia msafara mmoja usiosahauliwa. Mwaka 1873 Chuma na Susi na wenzao walimchukua marehemu David Livingstone kutoka Chitambo, wakapita hapa Kwihara, mahali alipokuwa akikaa mwaka uliotangulia, wakamfikisha Bagamoyo mwezi wa Februari 1874. Dunia yote inawajua wapagazi wale kwa majina. Kwa nini? Kwa sababu walikuwa na daftari. Livingstone aliwaandika katika habari zake, na mmoja wao, Jacob Wainwright, alijua kuandika, akaandika habari za safari ile.

Na mfano mwingine ulio karibu zaidi na sisi. Martin Kayamba, ambaye mwaka 1922 alianzisha kule Tanga chama cha Waafrika watumishi wa Serikali, mzee wa vyama kama hiki chetu, alikamatwa na Wadachi wakati wa vita akatiwa kifungoni pamoja na waalimu wengine wa Misheni, akafunguliwa Wabelgiji walipoingia Tabora mwaka 1916. Mateso yake twayajua, maana baadaye aliyaandika kwa mkono wake. Alikuwa karani. Yule aliyekuwa akichukua mzigo mbele ya dirisha la kifungo chake hakuwa karani, na mateso yake yamekwenda naye kaburini.

Wahenga walisema, mali bila daftari hupotea bila habari. Twalisema neno hilo juu ya fedha za chama na vitu vya stoo. Mimi nasema, hata watu bila daftari hupotea bila habari. Wapagazi wengi waliandikwa vibaya au hawakuandikwa kabisa: jina la mtu lilichanganywa na la kijiji, jina la jumbe likaandikwa mahali pa jina la baba. Mtu akifa, ujira wake ulibaki kitabuni, maana hakujulikana mwenye haki ya kuupokea. Hiyo ilikuwa dhambi ya vita, naam. Lakini tukiwa watu wa kweli tutakiri ya kuwa ilikuwa pia dhambi ya kalamu. Kuna karani fulani aliyekuwa amechoka kama sisi tulivyochoka jioni hii, akaandika "mtu mmoja" badala ya jina.

Tazameni vilivyokumbukwa. Tombeur alipewa na mfalme wake cheo cha baroni na kuitwa Tombeur wa Tabora, na mjini Brussels iko njia iitwayo Tabora. Meli ya Wadachi, Graf von Götzen, ilizamishwa na wenyewe karibu na Kigoma mwezi wa Julai 1916. Waingereza wakaitoa majini, ikatengenezwa, ikaanza kazi tena mwaka 1927 kwa jina la Liemba. Chuma kilitafutwa chini ya maji, kikapewa jina jipya! Dar es Salaam iko sanamu ya Askari, iliyowekwa mwaka ule ule wa 1927, na maandishi yake yanawataja wapagazi pia. Hilo ni jambo jema. Lakini sanamu ni ya askari mwenye bunduki, hakuna mzigo begani mwake. Kumbukumbu kubwa ya wapagazi ni soko la Kariakoo, lililopata jina lake kwa kikosi chao, na mtu hununua vitunguu pale maisha yake yote asijue ya kuwa analitaja jeshi la wafu kila siku.

Najua yako majibu matatu mtakayonipa, nami nataka kuyakabili kabla hayajatolewa.

La kwanza: vita hivyo vilikuwa vya Wazungu, vyatuhusu nini? Najibu: ugomvi ulikuwa wao, mifupa ni yetu. Hatutembei kwa kumpongeza aliyeshinda wala kwa kumlilia aliyeshindwa.

La pili: askari wa pande zote waliwatesa watu wa nchi, wakachukua mifugo na chakula, mbona tuwaheshimu? Swali hili ni zito, nami sitalificha. Wako wazee waliosimulia mambo ya askari ambayo hayafai kusemwa mbele ya watoto. Kukumbuka si kusifu. Aliyekufa akumbukwe alivyokuwa, mwema kwa wema wake na mwovu kwa uovu wake. Na kwa sababu hiyo mzigo ndio nilioutaka, si bunduki ya mti wala nguo za kijeshi.

La tatu: Serikali ina Siku ya Mashujaa, tarehe 25 Julai, yatosha. Siku hiyo ni ya taifa zima nasi twaiheshimu. Lakini mazishi ya mfalme hayamzuii mtu kulifagia kaburi la babu yake. Tena kutembea kwa miguu kwa ajili ya neno kubwa si jambo geni katika nchi hii. Mwaka 1967 Mwalimu Nyerere alitembea kutoka Butiama mpaka Mwanza kwa kuliunga mkono Azimio la Arusha, na kijana Seti Benjamin alifia njiani katika matembezi ya jinsi hiyo. Watu wetu wanajua ya kuwa mguu husema neno ambalo mdomo hauwezi kulisema.

Sasa niwaeleze kwa nini nimeacha kucheka. Septemba iliyopita mimi na wenzangu wawili, walio humu chumbani, tulitoka Lulanguru alfajiri kila mmoja na kilo 25 za mahindi. Tulikuwa na viatu vizuri, tulikuwa na maji, na hakuna aliyetusimamia kwa kiboko. Saa ya kwanza tuliongea. Saa ya pili tuliimba. Saa ya tatu kila mtu alinyamaza, akaangalia visigino vya mwenziwe. Mwajua jua la Septemba na vumbi lake, majani ya miombo yamepukutika, kivuli hakuna. Nilihamisha mzigo bega la kulia, bega la kushoto, kichwani, mgongoni. Kila mahali ukawa mahali pabaya. Nilikuwa nimelisoma mara nyingi lile neno, mzigo wa mwenzio kanda la usufi. Siku ile nililifahamu kwa shingo.

Karibu na saa tano tuliketi chini ya mwembe. Bibi mmoja mzee sana alitoka nyumbani kwake akatujia. Tukamsalimu, "Mwangaluka, bibi," akaitikia, akatutazama, akauliza, "Wanangu, mwachukua mahindi kwenda wapi, na magari yapo?" Tukamweleza. Akanyamaza kitambo. Kisha akasema, "Babu yangu, mzaa mama, alikwenda na mizigo ya Wadachi wakati huo mnaousema. Hakurudi. Hatukuambiwa mahali alipofia. Basi tumekuwa tukiwaita watoto jina lake, ili akija asikie anaitwa." Akaondoka akatuletea maji ya kunywa.

Wenzangu, nimesoma shule, nimefanya mitihani, nimeandika majalada ambayo hesabu yake siijui. Sijapata kusikia daftari iliyotunzwa vema kuliko ile. Zaidi ya miaka mia jina moja limehifadhiwa bila karatasi, bila wino, kwa watoto tu. Lakini bibi yule alikuwa mzee, na vijukuu wake wako mijini, nao watawaita watoto wao majina wanayoyapenda wao. Daftari ile inakaribia kufungwa.

Basi shauri langu kwa ukamilifu ni hili.

Kwanza, matembezi yawe kila mwaka Jumamosi iliyo karibu na tarehe 19 Septemba, kutoka Lulanguru alfajiri mpaka stesheni. Asiyeweza njia yote kwa umri au ugonjwa, atukute njiani atembee kadiri ya nguvu zake.

Pili, kila mtu achukue nafaka kwa kadiri awezavyo, awe mkubwa wa ofisi au tarishi. Tukifika, nafaka yote ipewe wazee na wagonjwa wasio na mtu. Mizigo ya mwaka 1916 ilichukuliwa midomoni mwa watu. Yetu na irudi midomoni mwa watu.

Tatu, pasiwe na beni, wala karamu, wala hotuba ndefu. Hii yangu yatosha.

Nne, na hili ndilo kubwa: chama kifungue daftari. Kila atakayetembea aende kwanza kwa wazee wa kwao, aulize ni nani aliyekwenda na mizigo au na bunduki, upande wowote. Aandike jina, jina la baba, ukoo, kijiji, alirudi au hakurudi, na jina la aliyetoa habari. Asiandike asichoambiwa. Mahali pasipojulikana aache wazi, asijaze kwa kubuni, maana jina la uongo ni kumwua mtu mara ya pili. Tukifika stesheni, majina ya mwaka huo yasomwe moja moja, kisha twende nyumbani.

Bwana Mwenyekiti, chama chetu kimeshughulika na mishahara, na likizo, na nyumba, nayo ni haki yake kushughulika nayo. Lakini watu hawa nao walikuwa watumishi. Waliitumikia Serikali ya siku zao, kwa kupenda wachache na kwa kulazimishwa wengi, nao hawakuwa na chama. Hapakuwa na mtu wa kuwaandikia barua. Sisi kazi yetu ni kuandika barua. Tukiwaacha sisi, ni nani mwingine atakayewaandika?

Naomba shauri hili lipigiwe kura jioni hii hii, na kwamba katibu aandike katika muhtasari idadi ya mikono. Nami niko tayari kutoa jina la kwanza la daftari, jina la babu yake yule bibi, ambalo alinipa ruhusa kuliandika lakini sikulitaja hapa, kwa kuwa nataka lisomwe pale stesheni, baada ya kutembea.